Sanaa ni uhuni? Basi tuanze kwa kuzima redio!

Najua nimekuwa kimya kwa wiki kadhaa, na baadhi yenu mmeanza kuuliza kama nimehama mji. Sijahama. Kuna jambo limenikaa kooni, na kila nikijaribu kuandika kitu kingine linarudi. Leo nalitoa. Ni refu kidogo, kwa hiyo kama una chai, mimina. Kama uko kwenye foleni ya Ubungo ndiyo bora zaidi, utamaliza kabla hujashuka.

Jumapili moja nilipigiwa simu na mzee mmoja, baba mkubwa wa rafiki yangu. Mstaafu, ana nyumba yake Tabata, mtu wa heshima zake. "Mwanangu, pita nyumbani jioni, tuna kikao kidogo cha familia. Wewe ni kijana uliyesoma, mwandishi wa habari, huyu mwenzio atakusikia." Mimi kuitwa mtu wa mfano kwenye kikao cha ukoo wa watu, jamani, ningekataaje? Nikapiga pasi shati la mikono mirefu, nikaenda.

Nilichokuta ni mahakama. Baba mkubwa kwenye kochi kubwa, shangazi wawili kulia, mjomba aliyepanda basi la asubuhi kutoka Morogoro kushoto, mama mtu kakaa karibu na mlango wa jikoni, kimya. Rafiki yangu kakaa kwenye stuli, kainamisha kichwa. Kosa lake? Hakuiba. Hakumtukana mtu. Amemaliza stashahada ya uhasibu, na amewaambia wazazi wake kwamba hataki kuendelea na shahada ya uhasibu, anataka kwenda Bagamoyo kusomea sanaa za maonyesho. Basi. Hilo tu.

Kikao kilichukua saa tatu. Nilisikia kwamba katika ukoo ule hajawahi kutokea mhuni. Nilisikia kwamba msichana anayeigiza haolewi, na akiolewa haachi kuachika. Nilisikia habari ya kiwanja kilichouzwa ili kulipa ada. Katikati ya hayo simu ya mjomba ikaita, na mlio wake ulikuwa wimbo wa Bongo Flava, tena ule unaotamba kwenye kila baa ya mji huu. Hakuna aliyecheka. Mjomba akaikata, akakohoa, akaendelea kueleza kuwa muziki na maigizo ni kazi za watu waliokosa la kufanya.

Mwishoni baba mkubwa akanigeukia. "Haya, wewe mwandishi, hebu mweleze mwenzio." Na mimi, ninayejidai hapa kila siku kwamba siogopi kusema, nikajikohoza nikasema: "Wazee wameshasema. Nadhani asikilize wazazi, amalize shule kwanza, mengine yatakuja." Wazee wakatikisa vichwa kwa kuridhika. Nikaletewa pilau.

Usiku saa tano nikapata ujumbe kutoka kwa rafiki yangu. "Asante kaka kwa kunitetea." Maneno hayo manne yalitosha kuninyima usingizi.

Kwa hiyo, wadau, hii mnayoisoma ni ile hotuba niliyotakiwa kuitoa pale sebuleni. Nimechelewa, lakini heri kuchelewa kuliko kula pilau la watu bure.

Nianze na hili la kwamba eti sanaa si mila yetu. Shangazi mmoja alilisema kwa uchungu kabisa: "Sisi si watu wa mambo hayo." Sisi nani? Nenda Usukumani ukaulize habari za Bagika na Bagalu, makundi mawili ya ngoma ambayo yamekuwa yakishindana tangu enzi za mababu, watu wakifunga safari kwa miguu kwenda kuangalia manju wao akimgaragaza manju wa wenzao. Manju hakuwa mhuni. Manju alikuwa mtu mkubwa, na watu walijua jina lake vijiji kumi mbele. Nenda kwa Wamakonde ukaulize nani alimfundisha nani kuchonga. Utaambiwa baba, mjomba, babu. Nenda kwa Wagogo. Hukwe Zawose, aliyefariki mwaka 2003, alitoka Dodoma na zeze na ilimba yake mpaka majukwaa ya Ulaya, na nyumbani kwake Bagamoyo muziki ulikuwa kazi ya ukoo mzima kama kilimo kilivyo kazi ya ukoo mwingine. Mwaka 2024 Pendo na Leah Zawose, wanawake wa ukoo huo huo, walitoa albamu yao inayoitwa Maisha. Hakuna kikao kilichoitishwa Tabata kuwazuia.

Na mfano ninaoupenda kuliko yote ni wa Edward Saidi Tingatinga. Huyu alizaliwa mwaka 1932 kusini, akaenda Tanga kwenye mkonge, akaja Dar kuhangaika kama tunavyohangaika wote. Alianza kuchora mwaka 1968 kwa rangi za kupakia baiskeli juu ya mbao za dari. Mwaka 1972 polisi walimpiga risasi wakidhani ni mhalifu, akafa. Hesabu mwenyewe: miaka minne tu! Lakini katika miaka hiyo minne ndugu zake hawakumwitia kikao. Walikuja kukaa naye, wakashika brashi, wakajifunza. Alipokufa wao ndio waliobaki na kazi, wakawafundisha wengine, na hao wakafundisha wengine tena. Leo nenda pale Oysterbay, Morogoro Stores, uone ni familia ngapi zinapeleka watoto shule kwa rangi ya yule bwana. Jina lake limegeuka kuwa jina la aina nzima ya uchoraji duniani. Ukoo ungeitisha kikao mwaka 1968, tungekuwa na nini leo?

Kwa hiyo wazee wangu, msiisingizie mila. Hii dhana kwamba kazi ni ile yenye meza, faili na muhuri hatukuirithi kwa babu. Tuliirithi kwa mkoloni aliyehitaji makarani. Shule zake zilifundisha watoto wetu kusoma ili waandike barua zake, na aliyepata ukarani alirudi kijijini na baiskeli na kaptula iliyonyooshwa, kila mzazi akamtamani. Simlaumu mzazi yule. Namlaumu wa leo anayeikumbatia kaptula ile miaka mia moja baadaye na kuiita mila.

Na hata baada ya Uhuru hatukuanza hivi. Desemba 1962 Mwalimu Nyerere aliunda wizara ya utamaduni wa taifa na vijana, nchi ikiwa na umri wa mwaka mmoja, haina barabara, haina madaktari. Mwaka 1963 rais huyo huyo wa nchi maskini alichapisha tafsiri yake ya tamthiliya ya Shakespeare, Juliasi Kaizari. Rais! Anakaa usiku na mistari ya mchezo wa kuigiza! Mbona hatusikii mzee yeyote akisema Mwalimu alikuwa amekosa la kufanya?

Tena kuna jambo vijana wengi hawalijui. Katika nchi hii mwanamuziki amewahi kuwa mwajiriwa kama karani. Mwaka 1964 chama cha wafanyakazi, NUTA, kilianzisha bendi yake, NUTA Jazz, ambayo baada ya kubadili majina mara kadhaa ndiyo Msondo Ngoma. Polisi walikuwa na bendi. Jeshi lilikuwa na bendi. JKT, Magereza, Umoja wa Vijana, mashirika ya umma, kila mmoja na bendi yake. Mpiga gitaa alipokea mshahara mwisho wa mwezi. Ulikuwa mfumo wenye kasoro zake, ikiwemo ya kuimba anachotaka mwenye bendi. Lakini hakuna aliyekuwa na sababu ya kumwuliza mpiga tarumbeta wa Polisi Jazz kama anafanya kazi. Mashirika yalipoanza kufa na kuuzwa, vyombo na mishahara vikaondoka navyo. Msanii akabaki peke yake barabarani, na sisi badala ya kuuliza nani kamtoa kwenye ajira, tukamwita mhuni.

Sasa tuje kwenye neno lenyewe. Uhuni.

Vijana walioanzisha muziki wa kufoka kwa Kiswahili miaka ya tisini waliitwa wahuni na kila mtu aliyekuwa na televisheni. Suruali kubwa, kofia nyuma, lugha ya kijiweni. Mmoja wao akiitwa Mr. II, au Sugu. Mwaka 2010 watu wa Mbeya Mjini wakamchagua kuwa mbunge wao. Mwingine, Profesa Jay, mwaka 2001 alitamba na wimbo wa Ndio Mzee, akijifanya mwanasiasa anayemwaga ahadi za ajabu. Mwaka 2015 akaingia Bungeni mwenyewe, mbunge wa Mikumi. Mwingine, MwanaFA, akawa mbunge wa Muheza mwaka 2020, na mwaka 2023 akateuliwa naibu waziri, tena kwenye wizara yenye sanaa ndani yake. Leo baba mkubwa akikutana na yeyote kati ya hawa watatu atavua kofia, atashika mkono kwa mikono miwili na kusema "Mheshimiwa." Nauliza tu: uhuni ulikwenda wapi? Ulifuliwa na suti?

Lakini nisije nikafikisha ujumbe mbaya. Sisemi kwamba sanaa ni nzuri kwa kuwa inaweza kukupeleka Dodoma. Hiyo ni dharau nyingine, tena mbaya zaidi, kwa kuwa inasema msanii anastahili heshima akishaacha sanaa. Ninachosema ni kwamba neno lenyewe halina maana. Mhuni ni msanii ambaye bado hana gari.

Tumelichafua hata neno usanii. Mtu akikudanganya, unasema "kanifanyia usanii." Mwanasiasa akitoa ahadi hewa, magazeti yetu yanaandika "usanii mtupu." Nami nimeandika hivyo, nakiri. Yaani tumechukua jina la kazi ya watu wanaokesha wakifanya mazoezi, tukaligeuza kuwa jina la utapeli. Hebu fikiria tungefanya hivyo kwa kazi nyingine. "Jamaa kanifanyia uhasibu." Wahasibu wangeandamana!

Na unafiki wetu, jamani, unafiki wetu! Hakuna ndoa ya Mswahili isiyo na muziki. Hakuna kipaimara, hakuna kumtoa mwali, hakuna kampeni ya udiwani. Kanisani tunataka kwaya. Kwenye msiba tunataka watu wa kuimba. Sisi ni watu ambao hatuwezi kuzaliwa, kuoana, kupiga kura wala kufa bila msanii. Aprili 2012 alipofariki Steven Kanumba akiwa na miaka 28, maelfu kwa maelfu walifurika Leaders Club kumuaga, watu wazima wakizimia, viongozi wa nchi wakiwa mstari wa mbele. Nina hakika shangazi zake rafiki yangu walilia mbele ya televisheni. Walimlilia mtoto wa mwenzao aliyefanya kazi ile ile ambayo hawataki mtoto wao aifanye. Kumbe tunawapenda wasanii. Tunachotaka ni watoke kwenye nyumba ya jirani.

Sasa nije kwenye hoja nzito, kwa sababu ipo, na sitaki kuikimbia. Sanaa hailipi.

Hapa wazee wana hesabu zao na hesabu zao si mbaya. Wamewaona wanamuziki waliotikisa nchi wakizeeka bila bima, bila pensheni, wakichangiwa hela ya dawa kwa namba ya simu inayotangazwa redioni, redio ile ile inayopiga nyimbo zao kila Jumapili. Mzazi aliyeuza kiwanja kulipa ada ana haki ya kuogopa mwisho kama huo. Anayemwita mzazi huyo mshamba hajawahi kuuza kiwanja.

Lakini hebu tuifuate hesabu hadi mwisho. Kwa nini hailipi? Je, ni kwa sababu watu hawataki? Kwa takwimu za serikali, mwaka 2018 na mwaka 2019 shughuli za sanaa na burudani zilikua kwa zaidi ya asilimia 10 kila mwaka, zikiwa miongoni mwa zilizokua kwa kasi kubwa kuliko zote nchini. Ni kweli mchango wake katika pato la taifa bado haufiki hata asilimia 1, na kitu kidogo hukua haraka. Lakini soko lipo, tena linakua. Fedha inaingia mahali. Swali ni inaishia mfukoni mwa nani.

Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ni ya mwaka 1999. Inasema kazi ya msanii ikitumiwa hadharani, msanii alipwe. Januari 2022 tulishuhudia COSOTA ikigawa mirabaha ya muziki kwa wasanii zaidi ya 1,000, jumla ikiwa kama shilingi milioni 312. Nilifurahi, nilipiga makofi. Kisha nikachukua kikokotoo. Ukigawa sawasawa, haifiki laki tatu na nusu kwa mtu. Miaka zaidi ya 20 baada ya sheria! Baa zimepiga, mabasi ya mikoani yamepiga, saluni zimepiga, redio zimeuza matangazo kati ya wimbo na wimbo. Kwa hiyo sanaa inalipa sana, wadau. Haimlipi msanii tu. Na kama mkulima anaibiwa mahindi, dawa si kumkataza mwanawe kulima. Dawa ni kumkamata mwizi.

Na wezi si wenye redio peke yao. Mjomba, uliwahi kumlipa nani? Mara ngapi ukoo umemwambia mtoto mwenye kipaji, "Njoo utuchangamshie harusi, si ni ndugu yako?" Fundi wa keki analipwa. Mpambaji analipwa. Mwenye ukumbi analipwa kabla hata hamjaingia. Mwimbaji anaambiwa atakula. Kisha kesho yake mnakaa kikao na kumweleza kwamba sanaa hailipi. Mnajuaje? Ni ninyi msiolipa!

Tena hiyo kazi mnayomsukumia, mnaijua hali yake? Mwaka 2016 serikali ilipositisha ajira mpya ili kuhakiki watumishi hewa, wenzetu walimaliza vyuo na kukaa nyumbani na vyeti vyao. Mpaka leo kijana na bahasha ya kaki ni sehemu ya mandhari ya Posta. Shahada ya uhasibu ni kitu kizuri kwa anayeitaka. Kwa asiyeitaka ni bahasha ya kaki yenye huzuni ndani. Miaka ya zamani mzazi aliweza kusema, "Soma, utapata kazi," na ilikuwa ahadi. Leo ni tumaini tu, kama lile la mwigizaji. Wote wawili wanabahatisha, ila mmoja anabahatisha kwenye kitu anachokipenda.

Kuna hofu moja ambayo hakuna aliyeitamka waziwazi pale sebuleni, lakini ilikuwa imekaa nasi muda wote, kwa sababu rafiki yangu ni msichana. Wazee wamesikia habari za waongozaji wa filamu na watayarishaji wa muziki wanaotaka kulala na binti kwanza ndipo wampe nafasi. Habari hizo si za kutunga. Mimi mwenyewe nimekaa na mabinti walionieleza huku wakitetemeka. Lakini tazama tunavyolitatua: tunamfungia binti ndani, mtayarishaji tunamwacha nje. Rushwa ya ngono ni kosa la jinai, limo kwenye kifungu cha 25 cha Sheria ya Kuzuia na Kupambana na Rushwa ya mwaka 2007. Na iko vyuoni, iko maofisini, iko huko huko kwenye uhasibu. Kama tungekuwa tunaacha kila mahali penye mwanamume wa aina hiyo, mabinti wetu wangebaki kazi gani? Ukoo wenye watu wazima sita uwezo wa kukaa saa tatu kumkemea msichana una uwezo wa kumsindikiza kituo cha polisi siku atakapohitaji.

Mbona tunawasifu akina Siti binti Saad? Mfinyanzi na muuza vyungu kutoka Fumba, aliyesimangwa kwa asili yake na kwa sura yake, na mwaka 1928 akasafiri hadi Bombay kurekodi taarab kwa Kiswahili. Shaaban Robert alimwandikia kitabu kizima. Bi Kidude naye alipiga ngoma na kuimba mpaka uzeeni, akapewa tuzo ya WOMEX mwaka 2005, na alipofariki mwaka 2013 tukamwita hazina ya taifa. Wote hawa walitoka nyumbani kwa watu fulani. Wote walikuwa na shangazi.

Nimewasema wazee vya kutosha. Sasa zamu yetu, vijana, na msinune.

Wapo miongoni mwetu wanaotumia "wazazi wamenikataza" kama blanketi. Miaka mitano unasema wewe ni mchoraji, picha ziko ngapi? Wewe ni mwandishi wa riwaya, umeandika kurasa ngapi? Mzazi anayekuona ukiamka saa nne na kushinda unazungumzia kipaji ana haki ya kutia shaka. Shaaban Robert alikuwa mtumishi wa serikali ya kikoloni kuanzia mwaka 1926, idara ya forodha, baadaye upimaji wa ardhi kule Tanga. Vitabu tunavyovisoma vilitoka kwa mtu aliyekuwa na kazi ya mchana. George Lilanga, aliyefariki mwaka 2005 akiwa mmoja wa wasanii wa Tanzania wanaojulikana zaidi duniani, alianza kama mlinzi pale Nyumba ya Sanaa. Mlinzi! Hakuna aibu kulinda usiku na kuchonga mchana. Aibu ni kukaa kijiweni unasubiri ulimwengu ukugundue.

Na tuache kusaini karatasi tusizozisoma. Msajili wimbo wako. Andikiana mkataba hata na mshikaji wako, hasa na mshikaji wako. Weka akiba, changia mfuko wa jamii kwa hiari, tafuta bima. Najua hayana utamu wa jukwaani. Lakini kila msanii anayezeeka vizuri ni hoja moja mkononi mwa kijana anayekaa kwenye stuli mbele ya ukoo wake. Na kila anayechangiwa jeneza ni hoja mkononi mwa mjomba.

Halafu, wadau, tusidanganyane kwamba kila anayeikaidi familia atashinda. Wengi hawatashinda. Rafiki yangu anaweza kwenda Bagamoyo, akamaliza, na asipate hata tamthiliya moja ya kuigiza. Sitaki kumwuzia ndoto. Lakini kushindwa katika jambo ulilolichagua unaweza kuinuka nako, ukajifunza, ukageuka. Kushindwa katika jambo ulilochaguliwa na wengine, nani utamlaumu? Utawalaumu wazazi wako mpaka wafe, na wakishakufa utaendelea. Nimewaona watu wa namna hiyo. Wana kazi nzuri, wana magari, na kila Krismasi hawaendi nyumbani.

Hilo ndilo ningelipenda baba mkubwa alisikie. Siku ile alidhani anachagua kati ya binti mwenye kazi na binti mhuni. Kumbe alikuwa anachagua kati ya binti anayemwambia ukweli na binti atakayejifunza kumdanganya. Maana kipaji hakikufa jioni ile. Kiliingia chini ya kitanda tu. Kitatokea siku nyingine, kwa siri, bila ushauri wa mtu mzima, pengine kwa huyo huyo mtayarishaji mnayemwogopa.

Nimepiga simu jana. "Shikamoo baba mkubwa." "Marahaba mwanangu, hujambo?" Nikamwomba nipite Jumapili, nina maneno niliyoyasahau siku ile. Akanyamaza kidogo, kisha akasema, "Kama ni yale mambo ya Bagamoyo, njoo, lakini ujue msimamo wangu." Nikamwambia najua, na mimi ninaenda na wangu.

Rafiki yangu nimemjulisha. Nimemwambia kwamba siku ile sikumtetea, nilijitetea mwenyewe. Hajajibu bado, na ana haki.

Kwa hiyo Jumapili nitakuwa Tabata, shati la mikono mirefu limeshapigwa pasi. Safari hii pilau nitakula mwishoni, kama nitakaribishwa.

Naomba kuwasilisha.